Mizani ya Kidole Gumba: Ragtime, Gitaa la Katanga na Uhakiki wa Wimbo wa Kiswahili

Utangulizi

Makala hii inahusu muziki wa piano uitwao ragtime, uliostawi Marekani kuanzia miaka ya 1890 hadi wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, pamoja na yale ambayo mhakiki wa Kiswahili anaweza kujifunza kutokana nao. Huenda msomaji akashangaa kwa nini mada hiyo ijadiliwe kutoka Obokote, katika Maniema, ambako ala wanayoijua wazee ni likembe na ile wanayoipenda vijana ni gitaa. Mshangao huo una haki yake, nasi tutajaribu kuujibu.

Hoja yetu ni hii. Uhakiki wetu wa wimbo wa Kiswahili kwa kiasi kikubwa umekuwa uhakiki wa maneno. Tumezoea kuyanukuu maneno ya wimbo, kuyapanga kwenye karatasi kama shairi, kuyachambua kwa fani na maudhui, kisha kutoa hukumu. Chini ya fani tunataja takriri, tashibiha, methali na vina; mkono wa mpigaji hautajwi kabisa. Vipande vya piano vya ragtime, ambavyo vilivyo mashuhuri zaidi havina hata neno moja, vinatulazimisha kuuliza swali tulilolikwepa: je, mkono nao una fani? Tukishalijibu, tutaweza kurudi kwa nyimbo za Kiswahili cha Kongo, hasa zile za mpiga gitaa Mwenda Jean Bosco, tukiwa na sikio jipya.

Asili na umbo la ragtime

Jina la ragtime huhusishwa na wazo la wakati uliochanwachanwa, kama nguo iliyochakaa. Waasisi wake walikuwa wapiga piano Weusi, wengi wao wakiwa watoto wa kizazi kilichotoka utumwani baada ya vita vya wenyewe kwa wenyewe vilivyomalizika mwaka 1865. Walipiga katika vilabu vya pombe, kumbi za dansi na nyumba za starehe za miji iliyo kando ya mito Mississippi na Missouri, wakihama mji hadi mji kutafuta riziki. Maonyesho ya dunia yaliyofanyika Chicago mwaka 1893 yaliwavuta wengi wao katika jiji hilo.

Mwaka 1897 vipande vya aina hiyo vilianza kuchapishwa kwa noti. Cha William Krell, kiongozi wa bendi aliyekuwa Mzungu, kilitoka mapema mwaka huo; "Harlem Rag" cha Tom Turpin, mtunzi Mweusi, kikafuata mwezi wa Desemba. Kipande kilichoufanya muziki huo ujulikane kila mahali ni "Maple Leaf Rag" cha Scott Joplin, kilichochapishwa na John Stark mwaka 1899 katika mji wa Sedalia, Missouri. Joplin alizaliwa mwaka 1867 au 1868 katika jimbo la Texas, na baba yake aliwahi kuwa mtumwa. Mkataba wake na Stark ulimpa senti moja kwa kila nakala iliyouzwa. Haikuwa fedha nyingi, lakini ilikuwa nadra wakati huo kwa mtunzi Mweusi kubakiwa na haki yoyote katika mauzo ya kazi yake.

Umbo la "Maple Leaf Rag" ni rahisi kuelezwa. Lina sehemu nne, kila moja ikirudiwa, na ya kwanza hurejea tena kabla ya kuingia ya tatu. Sehemu ya tatu hubadili ufunguo, na ya nne huurudisha ule wa mwanzo. Huo ni mpango wa machi za bendi za kijeshi, na kila mpiga tarumbeta wa zama zile aliujua. Upya wake umo katika namna mikono miwili inavyogawana kazi. Mkono wa kushoto hupiga noti ya chini kwenye pigo zito, kisha noti kadhaa kwa pamoja kwenye pigo jepesi, bila kuyumba, kama askari anayetembea. Mkono wa kulia hucheza lahani, lakini mikazo yake haiangukii pale mguu unapoangukia. Mpishano huo wa mikono ndio roho ya ragtime.

Msomaji asiye na piano anaweza kuujaribu papo hapo. Ahesabu moja hadi nane kwa mwendo sawa, akigonga mguu kwenye moja, tatu, tano na saba. Kisha mguu ukiendelea, apige makofi kwenye moja, nne na saba. Ataona kwamba kofi la pili linaanguka mahali ambapo mguu haupo, na kwamba mwili mmoja umegawanyika katika watu wawili wanaosikilizana. Mpangilio huo wa tatu, tatu na mbili unasikika mara kwa mara katika ragtime, na wasomaji wetu wengi watautambua katika ngoma za kwao bila kufundishwa. Sehemu kubwa ya Waafrika waliovushwa Bahari ya Atlantiki walitoka Kongo ya chini na Angola. Si ajabu kwamba kitu kinachofahamika huku kilisikika kule.

Shutuma ya uigaji

Ragtime ilipokewa kwa shutuma mbili. Ya kwanza ilikuwa ya maadili: muziki wa vilabuni utawaharibu vijana. Mwaka 1901 chama cha wanamuziki cha Marekani kilifikia hatua ya kuwahimiza wanachama wake waache kuupiga. Ya pili ilikuwa ya kisanaa: kwamba huo ni machi ya Kizungu iliyopigwa vibaya na watu wasioweza kuipiga vizuri. Juu ya hayo, majalada ya karatasi nyingi za noti yalichorwa picha za kuwadhihaki Watu Weusi, hata muziki wenyewe ulipokuwa na heshima zote.

Shutuma hii ya pili inatuhusu, kwa sababu nasi tumeisikia. Katika miaka ileile ya 1890, ngoma ya beni ilizuka katika miji ya pwani ya Kenya, Lamu na Mombasa. Nayo ilichukua machi, tarumbeta, sare na vyeo vya bendi za kijeshi. Wakati wa Vita Kuu ya Kwanza askari na wapagazi waliieneza bara, na baadaye ikafika hadi kwenye migodi ya shaba ya Afrika ya kati. Waliowaona wachezaji wa Marini na Arinoti wakijiita majenerali na wafalme walisema kwa urahisi kwamba ni uigaji wa Mzungu. Terence Ranger, katika kitabu chake cha mwaka 1975 kuhusu ngoma na jamii katika Afrika ya Mashariki, alionyesha kwamba beni ilikuwa na mizizi katika mashindano ya mitaa yaliyokuwapo pwani hapo kabla, na kwamba sare mpya zilivaliwa kwa ajili ya kazi ya zamani.

Ragtime na beni ni matumizi mawili ya machi moja, katika pande mbili za bahari, yaliyofanywa na watu ambao hawakujuana. Ufanano huo unatufundisha kuwa na hadhari na neno "uigaji". Mhakiki anayesema kwamba kazi fulani imeigwa ana wajibu wa kueleza ni kipi kilichochukuliwa, kipi kilichoachwa na kipi kilichobadilika. Ragtime ilichukua mpango wa sehemu na mwendo wa mkono wa kushoto. Utii wa mkono wa kulia iliuacha.

Mwenda Jean Bosco na gitaa la Katanga

Mwaka 1952 Hugh Tracey, mkusanyaji wa muziki kutoka Afrika ya Kusini, alikutana mjini Jadotville, ambao leo ni Likasi, na kijana aliyekuwa akipiga gitaa. Kijana huyo alikuwa Mwenda Jean Bosco, aliyezaliwa Bunkeya mwaka 1930 katika ukoo wa Wayeke. Tracey alimrekodi, na kipande kiitwacho "Masanga" kikasambazwa kwenye santuri na kusikika mbali. Mwishoni mwa miaka ya 1950 Bosco alifika Nairobi, na wapiga gitaa wa Kenya walijifunza mengi kwake. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 David Rycroft aliandika uchambuzi wa kina wa upigaji wake, akiuhamisha katika noti pigo kwa pigo. Bosco alifariki mwaka 1990 katika ajali ya gari nchini Zambia.

Alipiga kwa vidole viwili vya mkono wa kulia. Kidole gumba kilishughulikia nyuzi nene na kuweka mwendo. Kidole cha shahada kilitoa lahani kwenye nyuzi nyembamba, mara nyingi kikiingia katikati ya mapigo ya gumba. Msikilizaji asiyejua hudhani kuna magitaa mawili. Tukikumbuka yale tuliyoyasema kuhusu piano ya Joplin, tutaona mgawanyo uleule wa kazi, ila umeshushwa kutoka mikono miwili hadi vidole viwili.

Hatudai kwamba Bosco alijifunza kwa Joplin. Njia za muziki ni nyingi. Wapiga gitaa wa Marekani kama Blind Blake, aliyerekodi kati ya miaka ya 1926 na 1932, walikwisha kuihamishia ragtime kwenye nyuzi, na santuri za Kimarekani zilizagaa Afrika: mwaka 1950 Tracey aliwakuta Wakipsigi wa Kenya wakiimba juu ya Jimmie Rodgers, mwimbaji wa Marekani aliyejulikana kwao kwa santuri tu. Huko Afrika ya Kusini, Reuben Caluza wa shule ya Ohlange alitunga nyimbo za kwaya za Kizulu zilizoitwa ragtime bila kificho, na mwaka 1930 alikwenda London na kundi lake kuzirekodi. Wafanyakazi walisafiri kati ya Afrika ya Kusini, Rhodesia na Katanga, nao walibeba nyimbo. Hata hivyo, vidole viwili vinavyopishana vilikuwapo Kongo kabla ya santuri. Swali la nani alimfundisha nani lina faida kwa mwanahistoria. Mhakiki anahitaji zaidi kujua mpishano huo unafanya kazi gani ndani ya wimbo.

Mizani iko wapi?

Hapa tunafika kwenye kiini cha makala. Miaka miwili baada ya "Masanga", yaani mwaka 1954, Kaluta Amri Abedi alitoa kitabu chake cha sheria za kutunga mashairi. Yeye alizaliwa Ujiji, mji wa misafara ya Ziwa Tanganyika ambao watu wake wengi wana asili ya Manyema, yaani huku kwetu. Kitabu hicho kilisaidia kuweka wazi kipimo cha vina na mizani ambacho wahakiki wengi walikitumia kwa miaka mingi. Kipimo hicho kilipohojiwa, hasa baada ya Kezilahabi kutoa "Kichomi" mwaka 1974, mgogoro ulihusu ushairi wa vitabuni. Wimbo wa gitaa wa Kongo haukuitwa hata kutoa ushahidi.

Tuseme sasa mhakiki wa vina na mizani ameyaandika maneno ya wimbo mmoja wa Bosco kwenye karatasi. Atakuta mishororo mirefu na mifupi, Kiswahili cha Katanga kilichochanganyika na lugha nyingine za huko, majina ya watu na miji, na virudio vingi. Atahesabu silabi na hatapata urari. Hukumu yake itakuwa kwamba hakuna sanaa hapa, au, akiwa mpole, kwamba kuna sanaa ya kienyeji isiyokomaa.

Kosa lake ni kutafuta mizani mahali isipokuwapo. Katika shairi la mizani kumi na sita, hesabu ya silabi ndiyo inayoushika wakati: inamwahidi msikilizaji pale mshororo utakapotua. Katika wimbo wa Bosco kazi hiyo imepewa kidole gumba. Kwa kuwa gumba linaushika wakati, sauti imepata ruhusa ya kuchelewa kuingia, kulivuta neno moja kupita kiasi, kunyamaza, hata kuzungumza tu. Kuilaumu sauti hiyo kwa kukosa urari ni sawa na kuulaumu mkono wa kulia wa Joplin kwa kutofanya kazi ya mkono wa kushoto. Mizani ipo, ila imo kwenye gumba.

Tusikilize upande wa pili. Mtu anaweza kusema kwamba hoja hii inafungua mlango kwa kila kitu: mtunzi mvivu atasema mizani yake iko kwenye gitaa. Pingamizi hili ni zito, na jibu lake ni kwamba kipimo kimehamishwa, hakikufutwa. Pale ambapo gumba linayumba, uhuru wa sauti hugeuka fujo. Pale ambapo gumba ni imara lakini sauti inalifuata pigo kwa pigo, kama mtoto aliyeshikwa mkono, wimbo unakuwa sahihi na baridi. Wimbo uliofaulu ni ule ambao sauti inakwenda mbali na gumba, nasi tunahofu kwamba haitarudi, kisha inarudi. Joplin alilielewa jambo hili. Alikuwa akiwaonya wapigaji, kwenye karatasi za noti zenyewe, wasiipige ragtime kwa haraka. Kasi huufuta mpishano, na mpishano ukifutika hubaki mbwembwe tu.

Kuna pingamizi jingine, la wale waliofunzwa kutanguliza maudhui. Watauliza: "Maple Leaf Rag" ina dhamira gani? Ni rahisi kujibu kwa fumbo, kwamba mkono wa kushoto ni utumwa na wa kulia ni uhuru. Tunashauri jibu hilo liepukwe, kwa maana linageuza muziki kuwa hadithi ya kubuni. Joplin alipotaka kusema jambo kwa maneno, alilisema. Opera yake "Treemonisha", aliyoichapisha kwa gharama yake mwenyewe mwaka 1911, ina dhamira iliyo wazi kabisa: msichana aliyesoma anawaongoza watu wake kutoka kwenye ushirikina. Maonyesho yake ya majaribio huko Harlem mwaka 1915, bila okestra, hayakuzaa chochote, na Joplin alifariki mwaka 1917 bila kuiona jukwaani. Uzito wa maudhui haukuiokoa opera, na kukosa maneno hakukukizuia kipande cha piano kuzunguka dunia.

Likembe na jina la piano

Turudi Maniema. Likembe ni kisanduku kidogo cha mbao chenye ndimi za chuma au za utete, zinazobonyezwa kwa vidole gumba viwili. Vipete vidogo huviringishwa kwenye ndimi ili zilie kwa mkwaruzo, na tundu kwenye kisanduku hufunikwa na kufunuliwa ili sauti iyumbe. Watafiti wanakubaliana kwamba likembe lilitoka Kongo ya chini na kupanda mto pamoja na wapagazi, askari na watumishi wa dola ya kikoloni kuanzia mwisho wa karne ya 19, hadi likafika Uganda. Kindu, mji wa mto na reli, uko kwenye mkondo wa safari hizo.

Wageni waliliita likembe "piano ya kidole gumba", na jina hilo limeenea. Lina kosa la kulipima likembe kwa piano, kana kwamba ni piano iliyopungua. Kiswahili kilikuwa na busara zaidi: neno "kinanda" lilitumika kwa ala ya nyuzi, kwa piano, kwa ogani ya kanisani, hata kwa mashine ya santuri, bila kukifanya kimoja kuwa kipimo cha kingine. Kwa mwanafunzi wa Obokote, njia ya kuielewa ragtime inaanzia kwenye likembe, ambalo yumkini amelisikia tangu utotoni: gumba moja linarudia, jingine linapishana nalo. Anayelielewa hilo ameshaielewa nusu ya Joplin.

Karatasi, santuri na kupotea

Lipo jambo la mwisho, nalo ndilo lenye haraka. Joplin alitunga opera mbili. Ya kwanza, "A Guest of Honor" ya mwaka 1903, haikuchapishwa, na noti zake zimepotea. Ya pili ilichapishwa. Kwa hiyo iliweza kuonyeshwa Atlanta mwaka 1972, na mwaka 1976 mtunzi akapewa tuzo maalumu ya Pulitzer, miaka 59 baada ya kifo chake. Ufufuo huo uliwezekana kwa sababu karatasi zilikuwapo. Bosco naye aliokolewa na santuri na noti za Rycroft.

Lakini kila njia ya kuhifadhi ilichagua. Karatasi ya Stark ilihifadhi noti na kuacha namna wapigaji wa vilabuni walivyozibadilisha kila usiku. Santuri ilihifadhi dakika tatu, hata kama wimbo ulizoea kudumu nusu saa. Nasi wa vyuo vikuu, tunaohifadhi maneno peke yake, tunafanya uchaguzi mkali kuliko wote wawili: tunahifadhi mkono wa kulia na kuukata wa kushoto. Kisha tunalalamika kwamba wimbo haujasimama.

Hitimisho

Tumejaribu kuonyesha kwamba fani ya wimbo wa Kiswahili haiishii kwenye maneno, na kwamba ragtime, muziki wa mbali usio na Kiswahili wala maneno, unatusaidia kuliona hilo kwa sababu unaiacha mikono peke yake mbele yetu. Tunapendekeza mambo matatu. Kwanza, mwanafunzi anayeandika tasnifu juu ya nyimbo aeleze kwa lugha ya kawaida kila mkono wa mpigaji unafanya nini, hata kama hajui noti. Pili, maneno ya wimbo yanapochapwa, alama ndogo zionyeshe mapigo ya gumba yanaangukia silabi zipi. Hesabu ya moja hadi nane yatosha. Tatu, wapigaji wa likembe wa Maniema warekodiwe wakiwa hai, kwa ridhaa yao, kwa majina yao, kwa malipo ya haki, na kwa vipande vizima.

Pendekezo la tatu halihitaji fedha nyingi siku hizi. Simu ya mkononi inaweza kuianza kazi. Linahitaji zaidi mhakiki akubali kukaa chini na kutazama vidole gumba viwili hadi wimbo umalizike.